King'ora cha Saa Sita

Reli ndiyo iliyotuzaa.
Mpimaji alihesabu maili nane kutoka kituo cha nyuma,
pale garimoshi lingeshikwa na kiu, akachomeka kigingi,
na kwa kuwa majina yalifuata alfabeti na zamu ilikuwa ya T,
akaandika Tolvane. Hatujui Tolvane alikuwa nani.
Ardhi haikuwa tupu. Wadakota walikuwa na jina lake;
bibi yangu hakuliuliza, nami sikulirithi.

Wakaja Wanorwe, wakaja Wabohemia,
mbegu za ngano zimeshonewa kwenye pindo za sketi.
Walikata udongo na nyasi zake kama matofali, wakajenga,
nyoka wakidondoka darini katikati ya sala.
Miaka ishirini baadaye: hoteli, benki mbili,
makanisa matatu, mawili ya Kilutheri
kwa sababu ndugu wawili hawakusemezana,
fundi viatu Zdenek Hruby, na ukumbi wa maigizo
ambamo hakuna aliyeigiza zaidi ya mara nne.
Watu mia sita na arobaini!
Baba alisema Jumamosi jioni
ulikosa hata pa kumfunga farasi.

Ndipo wakanunua king'ora.
Kilikuwa cha moto na cha kimbunga,
lakini kila siku, saa sita kamili, kililia
na huko mashambani watu wakazima trekta, wakaja kula.
Mama alikuwa na viazi mezani kabla sauti haijaisha.

Sitakudanganya kwamba tulianguka kwa kishindo.
Mji haufi kama ng'ombe. Unakufa kama sweta:
unaona uzi mmoja, na kwa kuwa ni mmoja tu, unauvuta.
Barabara kuu ilipita maili sita kusini;
tukasema afadhali, vumbi litapungua.
Daktari akastaafu; tukasema atakuja mwingine.
Mashine mpya ya Rasmussen ilivuna mashamba ya familia kumi na mbili,
na zile kumi na moja tukaziaga kwa keki.
Reli iliyotuzaa ikang'olewa, chuma kikauzwa kwa uzito.
Haba na haba hujaza kibaba;
kumbe haba na haba hukimwaga pia,
na ghala la nafaka, refu kuliko minara yote mitatu,
sasa linalisha njiwa.

Shule ilifungwa mwaka ambao darasa la mwisho
lilikuwa Corliss Vavra peke yake.
Alisoma hotuba ya mwanafunzi bora,
akajipigia makofi, tukacheka,
halafu tukaacha kucheka wote kwa pamoja.
Yuko Minneapolis, anauza bima. Hutuma kadi.

Machi iliyopita king'ora kilinyamaza.
Siku ya kwanza sikujua nimepatwa na nini,
supu ilichemka mpaka ikaungua.
Nikapiga simu ofisi za kaunti. Kijana akauliza,
"Mko wangapi huko, mama?"
Nikahesabu kwa vidole: Arvid, akina dada wa Hruby,
mchungaji mstaafu asiye na kondoo,
wale wawili waliohamia kwa sababu nyumba ni rahisi...
"Tisa," nikasema. "Na mbwa wa Arvid, huitikia kikilia."
Kimya. Nikasikia kalamu ikigonga meza.

Alikuja Alhamisi na ngazi yake.
Hakuwa mtu mbaya; alikula vipande viwili vya pai ya rubabu,
akaniuliza jengo lile lilikuwa la nini, na lile, na lile.

Sasa kinalia tena. Kinachelewa dakika nne.
Hakuna aliyempigia kijana arudi.
Tulisimama mbele ya posta, yaani palipokuwa posta,
tukatazamana, mbwa akimalizia ubeti wake,
kisha mmoja baada ya mwingine, watu tisa,
tukarudisha saa zetu nyuma.